Uchambuzi wa kisa: fundi cherehani, neva iliyokatika, na mguso uliorudi vipandevipande

Kisa hiki kinawahusu zaidi wanaoshona majeraha ya mikono kwenye zahanati na vituo vya afya, pamoja na watoa tiba kwa vitendo, wanaomrudisha mgonjwa kwenye kazi zake kwa mazoezi, wanaowapokea wagonjwa haohao miezi kadhaa baadaye. Jina, mji na vituo vimeondolewa, na mambo machache yasiyogusa tiba yamebadilishwa.

## Mgonjwa na jeraha

Mwanamke wa miaka thelathini na kitu, fundi cherehani, anatumia mkono wa kulia. Hana kisukari, hajawahi kuugua ukoma, hanywi pombe. Mambo hayo matatu huulizwa mapema kwa sababu kila moja linaweza kuharibu neva (mshipa wa fahamu) peke yake, na neva iliyokwisha kudhoofika hupona kwa shida zaidi ikikatwa.

Alikuwa akifuta vioo vya dirisha la luva. Kioo kimoja kikachomoka kwenye kibanio chake, kikavunjika, na kipande kikamkata kifundo cha mkono wa kulia upande wa kiganja. Jeraha lenyewe halikutisha: urefu wa sentimita tatu, limelala kwa upana, sentimita moja na nusu hivi juu ya mkunjo wa kifundo. Damu ilizuilika kwa kukandamiza na kitambaa.

Mahali hapo udogo wa jeraha haumaanishi kitu. Chini tu ya ngozi kuna kano nyembamba ya palmarisi, ambayo baadhi ya watu hawana kabisa, na milimita chache chini yake inapita neva ya mediani. Neva hiyo inabeba mguso wa kidole gumba, cha shahada, cha kati, na nusu ya kidole cha pete inayotazamana na cha kati. Kidole kidogo na nusu iliyobaki ya kidole cha pete ni mali ya neva nyingine, ya alna. Kwa fundi, vidole vya mediani ndivyo vinavyoshika sindano, pini, mkasi na ukingo wa kitambaa.

## Siku ya kwanza

Zahanati iliosha jeraha kwa maji ya chumvi, ikachoma dawa ya ganzi, lidokeni, ikashona ngozi na kumpa chanjo ya pepopunda. Hayo yote yalifanywa vizuri. Kisha mgonjwa akaambiwa akunje vidole, vikakunjika. Akabonyezwa katikati ya kiganja na kuulizwa kama anasikia. Akajibu kwamba hapo anasikia, ila vidole vina ganzi. Ganzi ikaandikwa kuwa ni ya dawa, akaruhusiwa.

Kila hatua hapo ina mantiki, na kila moja ilipotosha.

Vidole hukunjwa na misuli iliyo kwenye kigasha. Matawi ya neva yanayoiendesha hutoka karibu na kiwiko, juu kabisa ya jeraha. Kukunja vidole kunaonyesha kwamba kano ni nzima. Hakusemi lolote kuhusu neva kwenye kifundo. Msuli wa kupima ni ule wa shina la kidole gumba, unaokiinua kutoka kwenye kiganja kikaelekea juu mkono ukiwa umelazwa mezani. Huo haukupimwa.

Ngozi ya katikati ya kiganja nayo ina tawi lake dogo, linalochomoka kwenye neva ya mediani sentimita tano hivi juu ya kifundo na kupita juujuu. Kwa mgonjwa huyu tawi hilo lilisalimika. Aliposema anasikia, alikuwa anasema kweli, lakini kwa njia isiyopita kwenye jeraha.

Halafu kuna kubonyeza. Dole gumba la mpimaji likikandamiza kwa nguvu, ngozi ya pembeni huvutwa, kano husogea, kiungo hutikisika, na kila kimojawapo kina vipokezi vyake. Mtu mwenye neva iliyokatika kabisa anaweza kujibu "ndiyo" kwa uaminifu wote.

Na lidokeni isiyochanganywa na adrenalini huisha nguvu baada ya saa moja au mbili. Ganzi iliyobaki kesho yake haitokani na sindano. Hakuna aliyemwambia arudi kama ganzi ingeendelea.

## Wiki ya tatu

Nyuzi zilipotolewa alirudi kazini. Siku moja aliona matone ya damu kwenye kitambaa cheupe cha mteja, akaanza kutafuta yametoka wapi; pini ilikuwa imeingia kwenye ncha ya kidole chake cha kati na bado imo. Siku chache baadaye alikuwa akipiga pasi pindo la sketi. Aliyemshtua ni msaidizi wake, aliyeona ngozi ya kidole cha shahada imeumuka lengelenge. Kidole kilikuwa kimegusa bamba la pasi na mkono haukujirudisha.

Joto la kuumiza hupokelewa na ncha tupu za neva, zile zisizo na kifuko chochote, zilizotawanyika hadi ndani ya tabaka la juu la ngozi. Kwenye utando wake mna mlango wa protini uitwao TRPV1, unaofunguka joto likipita nyuzi 43 hivi. Ndio huohuo unaofunguliwa na ukali wa pilipili. Ukifunguka, chembe zenye chaji huingia, umeme mdogo huanza safari, na uti wa mgongo huurudisha mkono kabla ubongo haujajua kinachoendelea. Neva ikikatika kifundoni, habari ya pasi haifiki hata kiwikoni, sembuse kwenye uti wa mgongo.

Alipelekwa hospitali ya rufaa. Uchunguzi ulichukua chini ya saa moja na hakuna kifaa cha bei kubwa kilichotumika.

Kwanza ilikuwa ngozi. Ncha za vidole vitatu zilikuwa kavu na zinang'aa, kwa kuwa tezi za jasho nazo huendeshwa na nyuzi zinazosafiri ndani ya neva hiyo. Kalamu ya plastiki ikipitishwa kwenye ubavu wa kidole kidogo ilikwamakwama kwa unyevu; kwenye shahada iliteleza tu.

Kisha maji. Mkono ulilowekwa kwenye maji ya nyuzi 40 kwa nusu saa. Kidole kidogo kilikunjamana kama kawaida ya kidole kilichokaa majini, shahada ikabaki laini. Kukunjamana huko huletwa na neva zinazobana mishipa midogo ya damu, ndiyo maana kipimo hiki kinafaa sana kwa watoto na kwa mtu yeyote asiyeweza kujibu maswali.

Kisha nyuzi za nailoni, zilezile zinazotumika kwenye kliniki za ukoma na za kisukari. Kila uzi hujikunja ukifikia uzito wake: gramu 0.07, 0.2, 2, 4 na 300. Uzi unashushwa wima, unabonyezwa mpaka upinde kidogo, unainuliwa, kwa sekunde moja na nusu hivi kila mwendo, mgonjwa akiwa amefumba macho. Kidole kidogo kilihisi uzi wa 0.07. Ncha ya shahada haikuhisi hata wa gramu 300.

Mwisho, kovu liligongwa kwa kidole. Mgonjwa akaruka: umeme ulikimbilia kwenye shahada. Ni ishara ya nyuzi zilizokatika zinazochipua bila njia. Kidole gumba hakikuweza kuinuka kutoka kiganjani.

## Upasuaji: kwa nini bila kusubiri

Kulikuwa na hoja ya kungoja miezi mitatu ili kuona kama neva ni iliyopondeka tu. Ilikataliwa. Kwenye jeraha la kioo au kisu lenye ganzi kamili, neva huhesabiwa imekatika hadi ithibitishwe vinginevyo, na kungoja kuna gharama: ncha zinavutana kwenda pande mbili, kovu linakomaa, na msuli uliokaa bila neva kwa mwaka au mwaka na nusu hauponi tena vizuri.

Wiki ya nne jeraha lilifunguliwa. Neva ilikuwa imekatika yote, ncha ya juu ikiwa na uvimbe mdogo wa nyuzi zilizojisokota. Ulikatwa hadi vifungu vya neva vyenye afya vikaonekana. Pengo lilifungika kwa kulegeza neva juu na chini na kukunja kifundo kidogo. Lingekuwa kubwa zaidi ingehitajika neva ya kupandikiza kutoka nyuma ya mguu, maana kuvuta neva kwa nguvu ni kuinyima damu. Ncha zililinganishwa kwa kufuata mishipa midogo ya damu iliyo juu ya ganda la neva, kisha zikashonwa kwenye ganda hilo kwa uzi wa nailoni mwembamba sana, wa namba 9-0. Banzi la plasta, wiki tatu.

Mshono huo haurudishi mguso. Unachofanya ni kulifungua bomba. Sehemu iliyo chini ya mkato ilikwisha kufa siku za mwanzo. Kilichobaki ni mirija mitupu, na nyuzi mpya zinapaswa kuota ndani yake kutoka kifundoni hadi ncha ya kidole. Mwendo wake ni milimita moja kwa siku. Kutoka kwenye mshono hadi ncha ya shahada zilipimwa sentimita 17, sawa na siku 170, ukiongeza mwezi hivi wa kuvuka mshono wenyewe. Mgonjwa aliambiwa asitarajie chochote kwenye ncha kabla ya mwezi wa saba. Kuambiwa hivyo mapema kulimsaidia kuliko dawa yoyote aliyopewa kipindi hicho, na wagonjwa wengi hawaambiwi.

Wakati wa kusubiri alikatazwa pasi, jiko na maji ya moto kwa mkono huo, akafundishwa kuvikagua vidole kwa macho asubuhi na jioni. Kila siku aliweka kioo katikati ya mikono, akagusa vidole vya kushoto huku akitazama taswira yao mahali ulipo mkono wa kulia. Shabaha ya zoezi hili ni ubongo. Eneo la ubongo lililozoea kupokea habari za vidole hivyo halikai bure. Likikosa habari, majirani wake huanza kulivamia.

## Jinsi mguso ulivyorudi

Mwezi wa tatu baada ya upasuaji, kugonga mkono kulirusha umeme kutoka katikati ya kiganja: nyuzi zilikuwa zimefika hapo, kama hesabu ilivyosema. Mwezi wa tano alihisi kuchomwa sindano kwenye vipingili vya kwanza vya vidole. Mwezi wa saba, kwenye ncha.

Hisia za kwanza hazikupendeza. Pamba ilimwasha, shuka lilimkera, na ukigusa shahada yeye alionyesha kidole cha kati. Kwa neva iliyoshonwa hiyo ni kawaida. Fundi umeme aliyeunganisha nyaya za nyumba nzima gizani angepata matokeo ya namna hiyo: taa zinawaka, ila si zile zilizokusudiwa na swichi.

Mpangilio wa kurudi unajulikana tangu kazi za Dellon, daktari wa upasuaji wa Marekani, za miaka ya 1970. Maumivu na joto hutangulia. Hufuata mtetemo wa polepole, wa hezi 30 hivi (mitikisiko 30 kwa sekunde), kisha mguso unaotembea juu ya ngozi, kisha mguso uliotulia, na mwisho mtetemo wa kasi wa hezi 256. Nyuzi nyembamba za neva hutangulia, nene huchelewa, na kila aina ya kipokezi huamka kwa wakati wake.

Mwezi wa nane alipimwa kliniki kwa sindano na pamba. Alivihisi vyote viwili. Faili likaandikwa kwamba hisia zimerudi, akafungiwa mahudhurio.

Dukani mambo yalikuwa tofauti. Alidondosha pini. Aliushika mkasi kwa nguvu kiasi kwamba kigasha kilimuuma ikifika saa nne asubuhi. Kitambaa cha satini kilimtoka chini ya mguu wa cherehani na mshono ukaenda upogo. Alipoingiza kidole ndani ya pindo kutafuta ncha ya zipu, hakuweza kujua ameshika zipu au mkunjo wa nguo. Wateja wakaanza kupungua. Ndipo akarudi, safari hii kwa mtoa tiba kwa vitendo.

## Kila kipokezi na kazi iliyomshinda

Mguso ni jina moja kwa hisia nyingi. Ngozi ya kiganja na vidole ina nyuzi za mguso zipatazo 17,000 kwa kila mkono, kwa makadirio ya watafiti Johansson na Vallbo ya mwaka 1979, na zimegawanyika makundi manne. Zote huanza kwa jambo moja: utando wa ncha ya neva, au wa seli iliyounganika nayo, ukivutwa, milango ya protini hufunguka na chembe zenye chaji huingia. Mlango mkuu wa mguso mwepesi ni PIEZO2, uliogunduliwa katika maabara ya Ardem Patapoutian mwaka 2010. Yeye na David Julius, aliyeigundua TRPV1, walipewa Tuzo ya Nobel ya mwaka 2021. Kinachotofautisha makundi ni kifuko kilichoizunguka ncha hiyo na kina kilipokaa.

Vipokezi vya Meissner vimekaa juu kabisa ya ngozi ya ndani, chini ya michirizi ya alama za vidole. Kwenye ncha ya kidole nyuzi zake hukaribia 140 kwa kila sentimita ya mraba, wingi usiofikiwa na kundi lolote jingine. Hujibu ngozi inaposogea, mitetemo ya hezi 5 hadi 50 hivi, na hunyamaza kitu kikitulia. Kazi yake kubwa mkononi ni kukamata mtelezo. Kitu kikianza kuponyoka hata kidogo, mkono hukaza mshiko chini ya sehemu moja ya kumi ya sekunde, bila mtu kufikiri. Kwa hiyo mtu mwenye hisia kamili hushika mkasi kwa nguvu iliyozidi kidogo tu ile ya kuuzuia usianguke. Asiye na habari za mtelezo hana namna ila kukaza muda wote. Maumivu ya kigasha cha mgonjwa huyu yalitoka hapo. Ukavu uliongeza tatizo, maana ngozi isiyo na jasho haishiki satini.

Seli za Merkel ziko sakafuni mwa tabaka la juu la ngozi, na nyuzi zake ni kama 70 kwa sentimita ya mraba kwenye ncha ya kidole. Hizi haziachi kutoa habari kitu kikitulia. Huendelea kwa muda wote kinapobonyeza, na kila uzi unasimamia eneo la milimita chache. Kingo, pembe, umbo la kifungo, meno ya zipu ndani ya pindo: hizo ni habari za Merkel. Kipimo chake ni nukta mbili zilizotulia: ncha mbili hugusa ngozi kwa pamoja, na mgonjwa husema kama ni moja au mbili. Kidole kizima hutenganisha nukta zilizoachana milimita mbili au tatu. Chake hakikutenganisha hata milimita 15.

Vipokezi vya Pacini vimezama chini, kwenye mafuta ya chini ya ngozi. Kimoja hufikia urefu wa milimita moja, kina matabaka mengi yaliyofungwa kama kitunguu, na matabaka hayo humeza msukumo wa polepole yakapitisha mtikisiko wa kasi tu. Hujibu vizuri zaidi kwenye hezi 200 hadi 300. Ndivyo vinavyotambua kitambaa. Mwanasaikolojia David Katz alionyesha mwaka 1925 kwamba kidole kilichotulia juu ya kitu laini hakiujui ulaini wake. Lazima kitembee, ili nyuzi za kitambaa zitikise ngozi. Vinundu vikubwa kuliko sehemu mbili za kumi za milimita hivi hutambulika hata kwa kuweka kidole, kwa kazi ya Merkel. Chini ya hapo ni mtetemo peke yake. Tofauti ya poplini na tetroni ni ya chini ya hapo.

Kundi la nne, la Ruffini, huhusishwa na mvuto wa ngozi na kujua vidole vimekunjwa vipi. Kliniki haina kipimo chake cha uhakika, na kisa hiki hakikulihitaji.

Sindano na pamba vilivyotumika mwezi wa nane viligusa ncha tupu za neva na, kwa mbali, mguso unaotembea. Kazi ya fundi inaegemea makundi matatu ya kwanza: Meissner, Merkel na Pacini. Vipimo vipya vilitoa picha hii kwenye ncha ya shahada: uzi wa gramu 4 anauhisi, wa 2 hapana, nukta mbili zinazotembea anazitenganisha zikiachana milimita 8, zilizotulia, hapana, uma wa mtetemo (chuma chenye mikono miwili kinachotetemeka kikigongwa) wa hezi 256, hapana. Uma wa hezi 30 haukuwepo, na badala yake ilitumika ncha ya kidole cha mpimaji ikitembezwa polepole. Tahadhari kuhusu uma: shina lake lisiwekwe kwenye mfupa. Mtetemo husafiri mfupani hadi kwenye vidole vizima, na jibu linakuwa la jirani. Ncha ya mkono wa uma ndiyo inayowekwa kwenye nyama ya kidole.

## Mafunzo ya hisia

Lengo halikuwa kuzichochea nyuzi ziote haraka. Hakuna zoezi la hisia lililothibitishwa kufanya hivyo. Lengo lilikuwa kuufundisha ubongo kusoma habari zinazofika kwa mpangilio mpya. Dakika kumi, mara nne kwa siku, chumba kimya. Muda mrefu zaidi ulimchosha akaanza kubahatisha.

Hatua ya kwanza ilikuwa mahali. Kifutio cha penseli kilitembezwa kwenye kidole huku anatazama, kikatembezwa tena akiwa amefumba macho, kisha akatazama kusahihisha. Kuona, kufumba, kuona. Alipopata mguso unaotembea, kifutio kikatulizwa.

Hatua ya pili ilikuwa vitambaa, vya dukani kwake. Seti za kliniki zenye misasa na manyoya ziliachwa, kwa kuwa kichwa chake kilikuwa na kumbukumbu ya miaka mingi ya vitambaa na hakikuwa na kumbukumbu yoyote ya msasa. Zikaanza jozi zilizo mbali: dengrizi na satini. Kisha kitenge na taulo. Poplini na tetroni zilikuja miezi minne baadaye. Kidole kilipaswa kutembea, si kubonyeza. Kwa kila kitambaa alianza na mkono wa kushoto, ubongo upate jibu sahihi, ndipo akashika kwa kulia.

Hatua ya tatu: vifungo, bobini, kulabu na vishikizo vilivyozikwa kwenye bakuli la mchele. Pini hazikutiwa, kwa sababu zilizo wazi. Sambamba na hayo, mshiko. Alibeba kikombe laini cha plastiki chenye maji bila kukibonyeza, akitazama, kisha akiangalia pembeni. Losheni ilipakwa asubuhi na usiku. Kabla ya kushona alilowesha vidole kwenye sifongo, kama wahesabu noti.

Jambo moja alilianzisha mwenyewe. Kwenye cherehani aliacha kuongoza kitambaa kwa shahada, akakigeuza kiganja kidogo ili kitambaa kipite chini ya kidole kidogo na ukingo wa kidole cha pete. Hayo ni maeneo ya neva ya alna, yenye hisia kamili. Mtoa tiba alitaka kumzuia kwa hofu kwamba shahada itazoea uvivu, kisha wakakubaliana: kazini atumie kidole kidogo, mazoezini shahada.

## Matokeo

Mwezi wa 18 baada ya upasuaji, dole gumba lilihisi uzi wa gramu 0.2 na shahada wa gramu 2. Nukta mbili zinazotembea zilitenganishwa kwa milimita 5, zilizotulia kwa milimita 10. Mtetemo wa hezi 256 aliuhisi kwa unyonge. Kidole gumba kinainuka, kwa nguvu pungufu. Alitambua poplini na tetroni mara nyingi kuliko kukosea, lakini polepole. Chupa ya soda kutoka kwenye friji bado inamuuma vidole, lalamiko la kawaida baada ya neva kuunganishwa, na linaweza kudumu miaka.

Anashona sare na mashuka kwa kasi inayokaribia ya zamani. Kutarizi na kushona shanga kwa mkono ameacha. Kazi hizo anampa msaidizi. Mtu mzima aliyeunganishwa neva ya mediani kifundoni mara chache sana hurudi kwenye milimita mbili au tatu za nukta zilizotulia. Watoto wadogo hufanya vizuri zaidi, nao pia ni kwa sababu ya ubongo.

## Kilichofaa na kilichoshindikana

Kufungua jeraha mapema bila kusubiri kulikuwa uamuzi sahihi, na matokeo ya kidole gumba yanatokana nao. Mazoezi ya vitambaa ni vigumu kuyapa alama. Ushahidi wa mafunzo ya hisia kwa jumla ni wa wastani, na baadhi ya nafuu ingekuja hata bila zoezi, nyuzi zikiendelea kukomaa. Ila kwa mgonjwa huyu makosa ya mahali pa mguso yalipungua mwanzoni mwa mafunzo, baada ya kukaa miezi bila kubadilika, na hilo halielekei kuwa la nyuzi peke yake.

Kufunga faili mwezi wa nane lilikuwa kosa la kipimo zaidi ya uzembe. Maumivu hurudi kwanza, kwa hiyo anayepima maumivu atakuta nafuu siku zote. Swali la kazi, "nionyeshe unavyoshika pini," lingeibua tatizo ndani ya dakika moja.

Wiki tatu za mwanzo ndizo zilizopotea bure, na kuziokoa hakuhitaji daktari bingwa. Kabla ya lidokeni, si baada yake, gusa sehemu tatu kwa pamba iliyosokotwa, bila kubonyeza: ncha ya shahada kwa neva ya mediani, ncha ya kidole kidogo kwa alna, na nyuma ya mkono kati ya gumba na shahada kwa neva ya radiali. Linganisha na mkono mwingine, usiulize "unasikia?" bali "ni sawa na huku?" Laza mkono kiganja kikitazama juu, mwambie ainue dole gumba kuelekea darini dhidi ya kidole chako. Andika majibu kwenye kadi. Palipo na tofauti, osha, funga ngozi, na mpe rufaa siku hiyohiyo. Palipo sawa, mwambie arudi kesho kama ganzi bado ipo.